MAYAI YA TOHARANI: JINSI WATU WA NAPOLI WANAVYOPIKA MAYAI KWA NYANYA



Jua limezama. Watoto wamerudi kuchunga, wakubwa wametoka shambani, na wewe mwenyewe umechoka. Nyama hakuna. Samaki hakuna. Maharage yapo, lakini ukiyabandika sasa yataiva usiku wa manane. Unaangaza macho jikoni. Kuna nyanya kwenye ungo. Kuna mayai manne ndani ya kibakuli. Kuna kitunguu saumu, pilipili, chumvi na mafuta kidogo. Basi. Je, utapika nini?

Wengi wetu tutajibu mara moja, "Nitakaanga mayai." Si vibaya. Lakini mayai manne yakikaangwa huwa kipande kidogo tu katikati ya sahani. Mkono wa kwanza unamega, wa pili unamega, wa tatu unakuta mafuta.

Leo tunataka kueleza jinsi watu wa mji wa Napoli, kule Italia, wanavyolijibu swali hilo. Wao hupika mchuzi mzito wa nyanya wenye pilipili. Kisha hupasulia mayai ndani yake, kila yai mahali pake, wakafunika mpaka yaive. Ni chakula rahisi. Hakitaki vyombo vya tajiri. Lakini kina siri zake, na asiyezijua huharibu mayai yake bure. Sisi tuliharibu. Tutawasimulia.

JINA LAKE

Napoli ni mji mkubwa wa bandari kusini mwa Italia. Ukiitazama nchi ya Italia kwenye ramani, utaona imeingia baharini kama mguu uliovaa buti. Napoli iko upande wa mbele wa mguu huo, penye ugoko.

Kwa Kiitaliano chakula hiki huitwa uova in purgatorio. Uova maana yake ni mayai. Purgatorio maana yake ni toharani. Basi jina zima ni "mayai yaliyo toharani".

Kwa nini jina kama hilo? Kwa mafundisho ya Kanisa Katoliki, toharani ndiko roho za baadhi ya wafu zinakotakaswa kabla ya kuingia mbinguni. Watu wa Napoli tangu zamani wamekuwa wakiziombea sana roho hizo. Katika mtaa wa zamani wa mji huo kuna kanisa lililotabarukiwa mwaka 1638, na jina lake linazitaja roho za toharani. Tena, ukipita katika vichochoro vya Napoli utaona vijumba vidogo vya sala vilivyojengwa ukutani. Ndani ya baadhi yake kuna visanamu vya watu waliosimama katika ndimi za moto. Moto umewafunika mpaka kiunoni, nao wameinua mikono juu.

Sasa hebu tazama ndani ya kikaango. Mchuzi ni mwekundu, unatokota. Mayai ni meupe, nusu yamezama, nusu yako nje. Watu waliona wakasema, "Haya mayai yako toharani!" Hayo ndiyo maelezo wanayoyatoa wengi juu ya jina hili. Ni utani wa jikoni tu. Chakula chenyewe hakina dini. Ni nyanya na mayai, na kila mtu anaweza kukila.

NYANYA ILITOKA WAPI?

Leo ukimwuliza mtu juu ya chakula cha Italia, hakosi kutaja nyanya. Lakini miaka 600 iliyopita hapakuwa na Mwitaliano hata mmoja aliyewahi kuiona nyanya.

Nyanya ilitoka Amerika. Nyanya za mwitu ziliota Amerika ya Kusini, na watu wa kale wa Meksiko wakawa wanazilima na kuzila. Mwaka 1521 Wahispania waliuteka mji mkuu wa Meksiko. Baada ya hapo mbegu za nyanya zilivuka bahari zikafika Ulaya. Mwaka 1544 tabibu mmoja wa Italia, Pietro Andrea Mattioli, aliliandika tunda hili katika kitabu chake cha mimea. Baadaye Waitaliano wakaliita pomodoro, yaani "tunda la dhahabu".

Unafikiri walianza kulila mara moja? Hapana. Wengi waliliogopa. Mnyanya ni wa ukoo mmoja na mimea fulani yenye sumu, na harufu ya majani yake ni kali. Kwa hiyo kwa muda mrefu watu wengi waliupanda bustanini kama ua, wakautazama tu.

Ndipo kati ya mwaka 1692 na 1694 akatokea bwana Antonio Latini. Huyu alikuwa msimamizi wa karamu katika nyumba ya mkubwa mmoja wa serikali ya Kihispania huko Napoli. Wakati huo Napoli ilikuwa chini ya utawala wa Hispania. Latini alichapisha kitabu cha mapishi, na ndani yake akaeleza mchuzi wa nyanya wa "namna ya Kihispania". Nyanya zinachomwa motoni, zinamenywa, zinakatwakatwa, kisha zinachanganywa na kitunguu, pilipili, chumvi, mafuta na siki. Kutoka tabibu Mattioli mpaka bwana Latini ni karibu miaka 150. Miaka yote hiyo ya kusitasita, kwa tunda ambalo leo mtoto wa Napoli hawezi kuishi bila hilo!

Pilipili nayo ilitoka huko huko Amerika. Wala sisi tusicheke. Nyanya na pilipili za shambani kwetu nazo ni wageni wa kutoka Amerika. Walikuja, wakakaa, na sasa tunawaona kama wenyeji. Kila chakula tunachokiita cha asili kina siku yake ya kwanza ambayo mtu mmoja alikionja akasema, "Kumbe kinalika!"

MLIMA WA MOTO NA MLO WA MASKINI

Karibu na Napoli kuna mlima unaoitwa Vesuvius. Ni mlima wa volkano, yaani mlima unaotapika moto. Mwaka 79 baada ya Kristo uliufukia kwa majivu mji mzima wa Pompeii. Mara ya mwisho ulilipuka mwaka 1944. Mlima huo umeua watu wengi, lakini majivu yake yamekuwa udongo wenye rutuba sana. Wenzetu wanaolima chini ya Kilimanjaro na Meru wanaujua udongo wa namna hiyo.

Katika udongo huo hustawi nyanya zinazoitwa San Marzano. Ni ndefu, nyama yake ni nene, mbegu ni chache na maji ni machache. Likumbuke hili la maji machache. Tutalirudia jikoni.

Zamani watu wa kawaida wa Napoli walikuwa maskini. Nyama ilikuwa ya sikukuu. Umaskini huo ndio uliowafanya watu wengi wa kusini mwa Italia kupanda meli kwenda Marekani kutafuta kazi, hasa kati ya mwaka 1880 na 1914. Walikwenda na mapishi yao, na ndiyo maana wajukuu wa wahamiaji hao wanapika mayai ya toharani mpaka leo, mbali na Napoli.

Kwa mtu asiye na nyama, yai ndiyo nyama. Lakini yai ni dogo. Mchuzi ndio unaolikuza. Unakuwa na kitu cha kuchovea mkate, na tumbo linashiba. Hiyo ndiyo hekima ya chakula hiki.

VITU VINAVYOTAKIWA KWA WATU WANNE

Mayai 4.
Nyanya zilizoiva sana, kilo 1. Ni kama nyanya 10 za wastani.
Punje 2 za kitunguu saumu.
Pilipili kali 1, mbichi au kavu.
Mafuta ya kula, vijiko vikubwa 3.
Chumvi, nusu kijiko cha chai kwa kuanzia.
Majani machache ya mrehani, kama yapo.

Watu wa Napoli hutumia mafuta ya zeituni, kwa sababu mizeituni iko kwao. Usiyatafute ya bei kubwa. Mafuta ya alizeti yanafaa. Tena wao mwishoni hunyunyiza jibini ngumu iliyokunwa. Kama huna jibini, acha. Chakula hakiharibiki.

Kwa nyanya, chagua zile ndefu zenye nyama nene. Ndizo zinazokaribiana na za kwao. Nyanya za mviringo zenye maji mengi zinafaa pia, lakini zitakaa motoni muda mrefu zaidi.

Upande wa vyombo, unahitaji kikaango kipana au sufuria pana, kifuniko chake, mwiko na kikombe. Usisahau kikombe. Tutaeleza kazi yake.

NAMNA YA KUPIKA

Hatua ya kwanza: Menya nyanya. Zitie nyanya katika maji yaliyochemka kwa dakika 1, kisha zihamishie kwenye maji baridi. Ganda litatoka lenyewe. Zikatekate vipande vidogo, au ziponde kwa mkono ndani ya bakuli.

Hatua ya pili: Bandika kikaango na tia mafuta. Moto uwe wa kiasi. Tia kitunguu saumu kilichopondwa, pamoja na pilipili iliyokatwa. Geuzageuza mpaka usikie harufu nzuri. Usingoje kitunguu saumu kiwe cha kahawia. Kikiungua kinakuwa kichungu, na uchungu huo hautoki tena hata utie nini.

Hatua ya tatu: Tia nyanya na chumvi. Acha zichemke bila kufunika kwa dakika 20 hadi 25, huku ukikoroga mara kwa mara. Kwa nini bila kufunika? Kwa sababu unataka mvuke utoke. Mvuke ni maji, na maji ndiyo adui wa chakula hiki.

Utajuaje kwamba mchuzi uko tayari? Kama huna saa, usijali. Pitisha mwiko katikati ya kikaango, ukikwaruza chini. Kama mchuzi unarudi na kuifunika njia ya mwiko mara moja, bado. Kama njia inabaki wazi kidogo, halafu mchuzi unarudi taratibu, umeiva. Onja chumvi sasa, maana mayai yakishaingia hutakoroga tena.

Hatua ya nne: Chimba vishimo. Kwa mgongo wa kijiko, tengeneza vishimo 4 ndani ya mchuzi, mbalimbali. Pasua yai moja ndani ya kikombe kwanza. Litazame, linuse. Kama ni zima, limimine polepole ndani ya kishimo chake. Fanya hivyo kwa yai la pili, la tatu na la nne.

Kwa nini kikombe? Kwa sababu yai viza halina alama usoni. Ukilipasulia moja kwa moja kikaangoni, umepoteza mchuzi wote na mayai mengine yote. Likiwa ndani ya kikombe, utamwaga hilo moja tu.

Hatua ya tano: Punguza moto, funika. Kama unatumia mkaa, toa makaa kadhaa. Kama unatumia kuni, vuta kuni nje. Mchuzi utokote kwa upole, usirukeruke. Mvuke ulio chini ya kifuniko ndio unaoivisha yai kwa juu. Baada ya dakika 5 au 6 ute mweupe utakuwa umeganda, na kiini bado laini. Baada ya dakika 8 hadi 10 kiini nacho kitakuwa kimekauka. Nyunyiza mrehani, ipua, pakua.

TULIPOKOSEA SISI

Mara ya kwanza tulipika chakula hiki mbele ya kundi letu la kisomo, chini ya mwembe. Tulikuwa na haraka. Mchuzi ulikuwa bado majimaji, lakini tulisema, "Haidhuru, utakauka pamoja na mayai." Tukapasua mayai 6 ndani yake.

Lo! Ute wote ulitawanyika kama nyuzi. Viini vikazama chini, viwili vikapasuka. Tukaongeza moto ili mchuzi ukauke upesi. Chini ukaungua, juu ukabaki mbichi. Bibi mmoja, mwanafunzi wetu, alichungulia akasema, "Mwalimu, haya hayako toharani. Haya yamekwenda jehanamu kabisa." Tulicheka sote, lakini mayai 6 yalikuwa yamepotea.

Basi siri ya kwanza ndiyo hii: mchuzi kwanza, yai baadaye. Yai halingoji. Mchuzi ndio unaongoja. Yai likae juu ya kitu kizito, nalo litashika umbo lake.

Wiki iliyofuata tulipika tena, safari hii bila pupa. Mayai 6 yalikaa vizuri, kila moja katika kishimo chake, jeupe, limezungukwa na wekundu. Watu walifurahi. Lakini tukafanya kosa la pili, na hili ni kubwa kuliko la kwanza.

YAI LA NANI?

Tulikuwa watu 9, pamoja na watoto 3 waliokuja na mama zao. Mayai yalikuwa 6. Tulipopakua, yai la kwanza lilipewa mwenyekiti, na la pili akapewa mzee wa kamati. Mengine mawili tukapewa sisi walimu. Mawili ya mwisho walipata wanaume waliokuwa wamekaa karibu. Mama mmoja mjamzito alipata mchuzi. Watoto watatu walipata mchuzi. Hakuna aliyepanga hivyo. Mikono ilikwenda tu kama ilivyozoea.

Mayai ya kukaanga yangetuficha. Yangekuwa yamechanganyika, na kila mtu angesema amepata kidogo. Lakini kikaango hiki hakifichi. Yai ni moja, lina kishimo chake, na kila mtu anaona limekwenda kwa nani. Tuliona haya.

Tukamwuliza yule bibi, "Je, ingekuwa nyumbani, ungempa nani?" Akajibu, "Mwalimu, sisi zamani mtoto hali yai. Eti akilizoea atakuwa mwizi wa mayai. Na mwanamke mwenye mimba hali yai, eti mtoto atazaliwa hana nywele." Mama mwingine akadakia, "Mimi yai langu nauza, shangazi. Ndilo daftari, ndiyo sabuni."

Maneno haya yote yanasikika katika vijiji vingi. Tuyatazame moja moja.

Je, yai huzuia nywele za mtoto? Hapana. Watoto wengi huzaliwa na nywele chache, mama awe amekula mayai au hakula. Yai moja la wastani lina kama gramu 6 za protini, yaani chakula cha kujenga mwili. Tena kiini chake kina vitamini A inayosaidia macho. Mama mjamzito anajenga mwili wa mtu mwingine ndani ya mwili wake. Atajengaje bila matofali?

Je, mtoto akila yai atakuwa mwizi? Mtoto anayepewa yake mezani hana haja ya kuiba bandani. Mtoto aliyetimiza miezi 6 anaweza kuanza kupewa yai lililoiva vizuri na kupondwa, huku akiendelea kunyonya. Anza na kidogo. Kama atavimba uso au kutoka vipele, acha na umpeleke kwenye kituo cha afya.

Je, kuuza mayai ni kosa? Si kosa. Daftari linahitajika, na sabuni pia. Lakini tugawanye kwa akili. Tuseme kuku wako ametaga mayai 12. Unaweza kumwachia 8 aatamie, ukauza 2, na 2 yakawa ya watoto. Hesabu yako inaweza kuwa tofauti na hii. Jambo la maana ni kwamba fungu la watoto liwemo katika hesabu, lisiwe la kungoja mabaki. Maana yai lisipowekwa fungu, halifiki kwa mdogo.

Kwa hiyo siri ya pili ya kikaango hiki ni ya mezani: mayai yakipungua kuliko watu, yaanze kwa watoto, mama mjamzito na mama anayenyonyesha. Sisi wengine tuna mchuzi, na mchuzi ni mtamu. Mara ya tatu tulipopika, tulipakua hivyo. Mwenyekiti mwenyewe ndiye aliyetaka watoto watangulie.

TAHADHARI

Watu wa Napoli wengi hupenda kiini kiwe laini, kimwagike juu ya mkate. Ni kitamu, lakini yai ambalo halijaiva sawasawa linaweza kuwa na vijidudu vya kuharisha na homa. Watoto, wajawazito, wazee na wagonjwa wapewe yai ambalo ute na kiini vyote vimeganda. Nyumbani kwetu ni vizuri kila mtu ale hivyo.

Pasua mayai yasiyo na ufa. Kama una shaka na yai, litie katika bakuli la maji. Likilala chini ni jipya. Likisimama wima limeanza kuchakaa, lipike upesi na uliivishe sana. Likielea, litupe.

Nawa mikono kwa sabuni kabla ya kushika chakula, na baada ya kushika mayai mabichi.

Kama kuna watoto wadogo, usitie pilipili kikaangoni. Weka pilipili iliyopondwa pembeni, na mkubwa ajitilie mwenyewe.

Mchuzi wa nyanya una asidi, yaani ukali kama wa limau. Usiulaze ndani ya sufuria ya alumini. Ukibaki, uhamishie katika bakuli la udongo, la kioo au la bati lenye rangi isiyobanduka. Mayai yenyewe yasilale. Yaliwe siku hiyo hiyo.

KULA NA NINI?

Napoli hula kwa mkate. Mlaji humega kipande, akafuta sahani mpaka ing'ae. Waitaliano wana neno la kitendo hicho. Wanasema mtu "anatengeneza kiatu kidogo", na wengine hueleza kwamba ni kwa sababu kile kipande cha mkate kinakokotwa sahanini kama kiatu kinavyokokotwa chini.

Sisi kiatu chetu kinaweza kuwa ugali. Chapati inafaa, viazi vya kuchemsha vinafaa, na mkate ukipatikana ni vizuri. Ugali una faida moja: unashika mchuzi mzito vizuri sana.

Tena Waitaliano hawako peke yao. Watu wa Tunisia na Libya, ng'ambo ya bahari hiyo hiyo, wana chakula kinachofanana na hiki kiitwacho shakshuka. Wao hutia pia pilipili hoho na bizari nyembamba. Basi nawe ukitia kitunguu maji, au mchicha kidogo uliokatwa, hujavunja sheria. Sheria ni moja tu: mchuzi uwe mzito kabla ya yai kuingia.

TUFANYE NINI SASA?

Jioni moja wiki hii, jaribu. Anza mapema kabla njaa haijakushika, ili usiwe na haraka kama sisi. Msomee hatua hizi mwenzako ambaye bado hajajua kusoma, naye akupikie, au wewe umpikie. Chakula kikiiva, hesabu mayai, kisha hesabu watu. Halafu pakua.

MASWALI YA KUJADILI KATIKA KUNDI

1. Kwa nini mchuzi unapikwa bila kufunika, lakini mayai yanapikwa kwa kufunika?

2. Kikombe kina kazi gani katika mapishi haya?

3. Waitaliano waliiogopa nyanya kwa miaka mingi. Je, kijijini kwetu kuna chakula gani tunachokiogopa bila sababu?

4. Kuku wa nyumbani kwako akitaga mayai 12, utayagawanyaje? Fungu la watoto ni ngapi?

5. Mara ya mwisho mayai yalipopikwa nyumbani kwako, nani alikula yai na nani alikula mchuzi?

Swali la tano lisijibiwe kwa haraka. Nendeni nalo nyumbani.